Barua ya wazi kwa benki: Mkopaji analipa kila mwezi, na deni linanenepa

Kisumu

Kwa Mkurugenzi Mkuu,
na Mkuu wa Idara ya Mikopo ya Nyumba,
Benki ambayo jina lake tumelisitiri.

Mheshimiwa Mkurugenzi,

KUH: GHARAMA KAMILI YA MKOPO WA NYUMBA, NA MIEZI MNAYOIONGEZA BILA KUSEMA

Pokea salamu zetu. Sisi ni wahasibu, wathamini wa nyumba na mawakili wa Kisumu, Kakamega na Nakuru. Kazi yetu ni kuketi na wakopaji wenu, kusoma barua zao za ofa, hati za rehani na taarifa za akaunti, kisha kuwapigia hesabu. Tuliliandikia tawi lenu barua tatu. Kila moja iligongwa mhuri wa kupokewa, na safari yake ikaishia pale pale kaunta. Hii ni ya nne. Tumeiacha wazi ili mwenye mkopo, na yule anayefikiria kuuchukua, aisome pamoja nawe.

Hatuna ugomvi na riba. Nyumba ya vyumba vitatu Mamboleo au Kiamunyi haipatikani kwa akiba ya mshahara wa mwalimu, na benki haitoi pesa kwa sadaka. Lalamiko letu ni kwamba mnamtajia mkopaji awamu ya mwezi bila kumtajia bei, halafu riba inapopanda mnaiacha awamu ilivyo na kurefusha muda kimyakimya. Mengine yote yaliyo humu yanatokana na hilo.

Ili tusibishane hewani, tutatumia mfano mmoja hadi mwisho wa barua. Nyumba ni ya shilingi 5,000,000. Malipo ya awali ni asilimia 20, yaani 1,000,000. Mkopo ni 4,000,000 kwa miaka 20, riba ya asilimia 13 kwa mwaka juu ya salio linalopungua, nayo ni riba inayobadilika. Awamu inakuwa 46,863 kwa mwezi. Asiyeamini na afungue jedwali la hesabu kwenye kompyuta yake ahakikishe.

1. Bei ya mkopo haimo kwenye barua ya ofa

Barua yenu inataja kiasi, riba, muda, awamu na ada. Tumeipekua mbele na nyuma, na hakuna mahali palipoandikwa kwamba mtu huyu, akilipa bila kukosa hata mwezi mmoja, atakuwa ametoa shilingi 11,247,120. Alikopa 4,000,000, zilizobaki, 7,247,120, ni riba. Ukijumlisha malipo yake ya awali, nyumba ya milioni tano imepita milioni kumi na mbili kabla hajapaka rangi ukuta mmoja.

Kinachowashtua watu zaidi ni mwendo wa deni lenyewe. Mwezi wa kwanza riba ni 43,333, kwa hiyo kati ya zile 46,863 ni 3,530 tu zilizogusa deni la msingi. Mwaka wa tano ukiisha amelipa 2,811,780 na bado anadaiwa karibu 3,704,000. Deni halijapungua hata laki tatu. Ile nusu ya kwanza ya mkopo, milioni mbili, inamalizika mwaka wa 16. Hapo hakuna wizi. Riba hutolewa kwanza, na mwanzoni salio ni kubwa, basi riba huimeza awamu. Lakini anayetarajia kuhamishwa kikazi na kuuza nyumba baada ya miaka mitano alistahili kulijua hilo siku ya kusaini, si siku mnunuzi ameketi sebuleni na wakili wake.

Maafisa wenu wa mauzo wana msemo: "Ni kama kulipa kodi tu, ila nyumba ni yako." Mpangaji paa likivuja humpigia simu landilodi.

Wala hatuombi kitu kigeni. Mabenki ya Kenya yalikubali kutaja APR, yaani gharama ya mkopo kwa mwaka pamoja na ada zake, tangu 2014. Mwaka 2017 Benki Kuu na chama cha mabenki wakaanzisha tovuti ya kukokotoa gharama kamili ya mkopo. Chombo kipo. Matawini kwenu, mteja asipokitaja hakuna anayemwonyesha.

2. Riba ikipanda, mnaongeza miezi

Hili ndilo lililotutoa ofisini.

Chukua mkopo wetu wa mfano baada ya miaka miwili. Mkopaji amelipa 1,124,712, anadaiwa 3,903,846 na amebakisha miezi 216. Benki inapandisha riba kutoka 13 hadi 14. Ni pointi moja tu. Kuna njia mbili za kuibeba.

Njia ya kwanza ni kupandisha awamu. Inakuwa 49,594, nyongeza ya 2,731 kwa mwezi, na mkopo unaisha tarehe ile ile ya mwanzo. Kwa miaka 18 iliyobaki nyongeza hiyo inafika karibu 590,000.

Njia ya pili ni kuiacha awamu kwenye 46,863 na kusogeza mwisho wa mkopo. Sasa riba ya mwezi ni 45,545, kwa hiyo kinachogusa deni ni 1,318 tu. Miezi inatoka 216 na kuwa 308. Imeongezeka 92, ambayo ni miaka saba na miezi minane. Zidisha 92 kwa 46,863 upate takriban milioni 4.3.

Pointi ile ile moja ya riba inamgharimu mtu laki sita kasoro kwa njia moja, na milioni nne na ushei kwa nyingine. Ninyi mnatumia ya pili, na hammuulizi. Mnatuma ujumbe wa simu kwamba riba yake imerekebishwa kuwa asilimia 14, basi. Slipu ya mshahara haibadiliki, na nyumbani wanamshukuru Mungu kwamba makato hayakupanda. Mwalimu aliyechukua mkopo akiwa na miaka 38 alijua atamaliza akiwa na 58, miaka miwili kabla ya kustaafu. Sasa atamaliza akiwa na 65 na miezi minane. Makato ya mshahara yatakatwa kwenye mshahara gani?

Mambo yanaharibika zaidi riba ikifika 16. Kwa salio lile lile, riba ya mwezi mmoja ni 52,051. Mkopaji analeta 46,863, ile awamu mliyompa wenyewe. Zinazopungua, 5,188, zinarudi kwenye deni na mwezi unaofuata zinatozwa riba nazo. Baada ya miezi kumi na miwili ya kulipa bila kukosa amewapa 562,356, na deni limepanda kwa takriban 67,000. Wahenga walisema dawa ya deni ni kulipa. Kwenye akaunti hii mgonjwa anameza dawa na homa inapanda.

Mpaka wa mkopo huu ni asilimia 14.4. Chini yake unaisha siku moja, hata kama ni mbali. Juu yake, kwa awamu ile ile, hauishi kamwe. Kila mkopo wa riba inayobadilika una mpaka wake, na mfumo wenu wa kompyuta unaujua.

Msomaji mwenye mkopo anaweza kujipima jioni hii. Chukua salio lililo kwenye taarifa ya mwisho, zidisha kwa riba ya mwaka, gawanya kwa 1,200. Jibu ni riba ya mwezi mmoja. Mfano: 3,903,846 mara 16, gawanya kwa 1,200, ni 52,051. Likizidi awamu yako, deni linakua. Likiikaribia sana, ulizia tarehe mpya ya kumaliza mkopo, na uipate kwa maandishi. Usikubali ya mdomo.

Sheria ya Ardhi ya 2012, kifungu cha 84, inasema riba ya rehani inayobadilika inaweza kupandishwa au kushushwa kwa notisi ya maandishi ya angalau siku 30, nayo iitaje riba mpya waziwazi, kwa namna inayoeleweka bila taabu. Ujumbe wa mstari mmoja unaotaja asilimia na kunyamazia miaka saba haumsaidii mtu kuelewa lolote.

Kuna kinaya hapa ambacho mawakili wetu hawachoki kukirudia. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kinachotumika tangu 2007, kinaweka kikomo: mkopo ukishaingia kundi la mikopo isiyolipwa, riba mnayoweza kudai haiwezi kuzidi deni la msingi lililokuwepo siku hiyo. Ngao hiyo ni ya aliyeshindwa kulipa. Anayelipa kila mwezi, huku miezi yake ikirefushwa, hana kikomo chochote. Analipa riba mara mbili au mara tatu ya alichokopa, na kwenye vitabu vyenu ni mteja mzuri.

Mtasema riba ya Benki Kuu ndiyo iliyopanda. Ni kweli. Riba hiyo, iitwayo CBR, ilikuwa asilimia 7 hadi Mei 2022, na Februari 2024 ikafika 13. Lakini kuanzia Agosti 2024 iliteremshwa mkutano baada ya mkutano, na kufikia Desemba 2025 ilikuwa 9. Kwenye faili tulizozisoma, kupanda kulimfikia mkopaji upesi kama radi ya Kakamega. Kushuka kulisubiri aje kulalamika. Tena riba iliposhuka, miezi iliyokuwa imeongezwa haikuondolewa kwa wote; wengine walipunguziwa awamu kidogo na tarehe ya mwisho ikaachwa huko huko ilikokuwa imesogezwa.

Sasa kuna utaratibu mpya wa Benki Kuu unaofunga mikopo ya riba inayobadilika kwenye KESONIA, yaani wastani wa riba ambayo mabenki hutozana yanapokopeshana shilingi usiku mmoja, na juu yake nyongeza ya benki iitwayo K. Tunaupokea vizuri, kwani kipimo kinaonekana na kila mtu. Ila KESONIA inaweza kuyumba mara nyingi kuliko kipimo kilichotangulia, na kila ikiyumba swali linabaki lile lile: mmegusa awamu au mmegusa miezi?

3. Ada zinazomezwa na mkopo

Siku ya kwanza mkopaji anahitaji pesa taslimu kuliko alivyoambiwa. Kwa nyumba ya milioni tano ndani ya mji, ushuru wa stempu wa kuhamisha umiliki ni asilimia 4, yaani 200,000. Mashambani ni asilimia 2. Ushuru wa kusajili rehani ni asilimia 0.1 ya mkopo, hapa 4,000. Kuna mthamini, kuna wakili wake, kuna wakili wa benki ambaye pia analipwa na mkopaji, kuna ada ya kushughulikia mkopo na ushuru unaotozwa juu ya ada hiyo.

Zikimshinda, afisa wenu humfariji: "Tutaziweka ndani ya mkopo." Hilo neno ni tamu. Laki moja ya ada ikiingizwa kwenye mkopo huu inaongeza 1,172 kwa awamu, na kwa miaka 20 inarudi kwenu ikiwa zaidi ya 281,000. Ni haki yake kuchagua hivyo. Achague akiwa ameiona hiyo namba.

Na siku ya kumaliza kuna gharama nyingine ambayo karibu hakuna anayeijua: kuondoa rehani kwenye sajili ya ardhi. Wakili yule yule, na anayelipa ni yule yule.

4. Bima

Kuna bima mbili: ya maisha ya mkopaji, ili akifariki deni lilipwe, na ya jengo. Zote mbili ni za busara. Shida ni kiasi kinachowekewa bima.

Bima ya maisha inatakiwa kufuata salio. Katika mwaka wa 16 deni ni milioni mbili, na ada ya bima ikiwa bado inapigwa kwa milioni nne mtu analipia kifo mara mbili. Ya jengo ina kosa tofauti: tumekuta jengo limewekewa bima kwa bei yote ya ununuzi, milioni tano, kiwanja kikiwamo. Ardhi haiungui. Kinachotakiwa ni gharama ya kujenga upya, ambayo mthamini huiandika kwenye ripoti yake. Mkopaji aliilipia ripoti hiyo na mara nyingi hajapewa nakala.

Pia mwambieni kisicholipwa. Tambarare ya Kano, kutoka Nyamasaria kwenda Ahero, ina udongo mweusi unaovimba masika na kupasuka kiangazi, na kuta hupasuka nao. Bima nyingi za moto hazifidii nyufa za namna hiyo. Ukarabati wa msingi ni wa mwenye nyumba, na awamu haisubiri fundi amalize.

5. Malipo ya ziada yanapotea njiani

Dawa kubwa kuliko zote kwa mkopo wa nyumba ni kulipa deni la msingi mapema. Akiongeza 5,000 kila mwezi tangu mwanzo, mkopo wetu wa mfano unaisha kwa miaka 14 badala ya 20, na anaokoa zaidi ya milioni mbili na nusu. Hata bonasi moja ya majani chai, au hela za miwa zikilipwa, zikiingia mwaka wa pili zinafanya kazi kubwa kuliko zikiingia mwaka wa 18.

Kwenu pesa hizo huingia kwenye akaunti na kulala. Mfumo unazihesabu kama awamu zilizolipwa mapema, kisha unazikata polepole kila mwezi ukifika, na riba inaendelea kupigwa kwenye salio lote. Ili ziguse deni la msingi lazima mkopaji aandike barua, na barua isubiri sahihi ya makao makuu. Tumeona laki mbili zikikaa hivyo miezi minne. Kwa riba ya 13 hizo ni karibu 8,700 za riba ambazo hazikupaswa kutozwa.

Wengine waliomaliza deni mapema wametozwa faini. Kifungu cha 85 cha Sheria ya Ardhi kiko wazi: mkopaji ana haki ya kuondoa rehani kabla ya muda, na hati inaweza kumtaka atoe notisi ya mwezi mmoja au alipe riba isiyozidi ya mwezi mmoja. Zaidi ya hapo ni kumfunga kamba, na sheria inasema kipengele cha kumzuia hakina nguvu.

6. Adhabu ya kuchelewa

Mkopaji akikosa awamu moja, riba ya adhabu itozwe juu ya nini? Tuseme adhabu ni asilimia 6 kwa mwaka. Juu ya awamu iliyokosekana, 46,863, ni shilingi 234 kwa mwezi. Juu ya salio lote la 3,903,846, ni 19,519. Hati zenu zinasema adhabu ni ya "kiasi kilichochelewa". Taarifa za akaunti tulizokagua zinapiga ya pili. Tena, mkopaji akilipa baadaye, pesa zake huenda kwanza kwenye ada, kisha adhabu, kisha riba, na deni la msingi linakula makombo. Ndivyo mwezi mmoja wa ugonjwa unavyozaa mwaka mzima wa malimbikizo.

Kwa wanaoogopa madalali: nyumba haiuzwi kwa barua moja. Kuna notisi ya miezi mitatu chini ya kifungu cha 90, ya siku 40 chini ya kifungu cha 96, na ya dalali ya siku 45. Benki ina wajibu wa kutafuta bei nzuri kadiri inavyowezekana, na ikiuza kwa pungufu ya asilimia 25 au zaidi ya bei ya soko, inachukuliwa kwamba imevunja wajibu huo mpaka ithibitishe vinginevyo. Na kama ni nyumba ya ndoa, rehani haina nguvu bila sahihi ya mke au mume.

7. Cheti cha riba

Hiki ni kifupi. Tangu mwisho wa Desemba 2024 mkopaji anayeishi katika nyumba yake anaweza kuondoa riba ya hadi 360,000 kwa mwaka kwenye mapato yanayotozwa kodi. Afisa wenu anasema "KRA inakurudishia riba." Mamlaka hiyo ya kodi hairudishi. Kwa aliye kwenye daraja la asilimia 30, kinachookolewa hakizidi 108,000 kwa mwaka, na riba ya mwaka wa kwanza wa mkopo wetu ni zaidi ya 517,000. Kudai hicho kidogo kunahitaji cheti cha riba kutoka kwenu. Mwisho wa kuwasilisha ritani ni Juni 30. Cheti cha Julai ni cha kufungia mandazi.

Majibu ambayo tayari tunayajua

"Mteja alisaini." Alisaini mkataba wenye awamu na muda. Muda mliubadilisha ninyi, na sahihi yake kwenye miezi 92 ya ziada hatujaiona.

"Wateja wenyewe hawataki awamu ipande." Huenda wengi hawataki. Kuna theluthi ya mshahara ambayo mwajiri haruhusiwi kuikata, na wengine hawana nafasi ya 2,731. Waulizwe. Anayechagua kurefusha muda baada ya kuona namba zote mbili, huyo amechagua.

"Mfumo wa kompyuta hauwezi." Mfumo unaoweza kutoza adhabu saa sita usiku baada ya tarehe ya awamu unaweza kuchapisha tarehe ya mwisho wa mkopo.

"Mkitaka riba nafuu nendeni kwa mikopo ya KMRC." Ni ushauri mzuri, na tunawaelekeza wanaofaa. Kampuni hiyo ilipata leseni ya Benki Kuu mwaka 2020, na inayapa mabenki na Sacco pesa za muda mrefu ili zikopeshwe kwa riba ya chini ya asilimia 10. Lakini ina vikomo vya kiasi cha mkopo, na hawa tunaowasemea tayari wana rehani kwenu.

"Hizi ni hesabu za ndani ya benki." Ni za nyumba ya mtu.

Tunachoomba

a) Kila barua ya ofa iwe na ukurasa mmoja wa mbele, kwa Kiswahili na kwa lugha ya mkataba, unaoonyesha kwa shilingi: jumla atakayolipa, riba yote, ada zote, salio linalotarajiwa baada ya miaka 5, 10 na 15, na riba ambayo ikifikiwa awamu haitoshi tena kulipa riba.

b) Kila notisi ya kubadilisha riba ije siku 30 kabla, ikiwa na awamu mpya ukibakiza muda, muda mpya ukibakiza awamu, na jumla ya kila njia. Mkopaji achague kwa sahihi. Asipojibu, msimsogezee mwisho wa mkopo, mpigieni simu.

c) Mikopo yote ya riba inayobadilika iliyorefushwa tangu Mei 2022 ipigiwe hesabu upya, na kila mwenye mkopo apewe jedwali lake la marejesho, la awali na la sasa, bila ada. Palipotokea deni kukua huku awamu zikilipwa, riba iliyotozwa juu ya nyongeza hiyo irudishwe.

d) Malipo ya ziada yaguse deni la msingi siku ile ile yanapoingia, ila mkopaji akiandika vinginevyo.

e) Adhabu itozwe juu ya kilichochelewa peke yake, na iliyotozwa juu ya salio lote irudishwe.

f) Bima ya maisha ifuate salio, ya jengo ifuate gharama ya kujenga upya, na mkopaji aruhusiwe kuleta bima ya kampuni nyingine yenye leseni. Apewe nakala ya ripoti ya mthamini.

g) Cheti cha riba kimfikie kabla ya mwisho wa Februari.

Tunaomba jibu la maandishi kwa nukta hizi ndani ya siku 30, muda ule ule ambao sheria inawataka mumpe mkopaji. Faili za wakopaji waliotupa idhini tumezipanga na hesabu zake zimekaguliwa mara mbili. Siku ya 31 tutazipeleka tawi la Benki Kuu hapa Kisumu, pamoja na nakala za barua tatu zenye mhuri wenu. Mkitaka tukutane kabla ya hapo, tuko tayari kuja makao makuu au kuwapokea huku. Tutakuja na jedwali. Tunaomba nanyi mje na lenu.

Wako waaminifu,

Wahasibu, wathamini na mawakili wa wakopaji,
Kisumu, Kakamega na Nakuru.

Nakala: Meneja wa Tawi, Kisumu, Meneja wa Tawi, Nakuru.